Mjomba anasema mtoto amekwisha chelewa sataranji: nimjibuje?

SWALI: Jambo Mwalimu. Mimi ni mama wa watoto wanne, tunakaa Katuba, hapa Lubumbashi. Kijana wangu ana miaka 13. Mwaka jana alijifunza sataranji kwenye simu ya baba yake, na tangu hapo mega za intaneti hazimalizi siku mbili. Simu ikiisha moto, anachezea kartoni tuliyochora, kete ni vizibo vya chupa vilivyoandikwa herufi. Anacheza na mdogo wake wa kike mwenye miaka 9, ambaye naye humshinda mara kwa mara. Sasa anasema atakuwa kama Magnus Carlsen. Mjomba wake anacheka: eti huo ni mchezo wa wazungu, na mabingwa wote walianza wakiwa na miaka minne, kwa hiyo amekwisha chelewa. Tueleze hao mabingwa walifikaje huko, kama kuna Mwafrika kati yao, na kijana amfuate nani.

JIBU: Jambo sana, Mama. Nianze na mjomba, kwa sababu neno la mjomba nyumbani ni zito, na kijana asipolipatia jibu atalibeba hadi mbele ya ubao.

La wazungu tulimalize haraka. Mchezo huu ulizaliwa India ukiitwa chaturanga, ukaenda Uajemi, Waarabu wakaupokea kwa jina la shatranji, na Kiswahili kikachukua neno hilo kwao. Halikupita Ulaya hata kidogo. Hata lile la Kifaransa ambalo kijana wako amelisikia shuleni, échecs, limebeba ndani yake shah, mfalme wa Waajemi. Wazungu nao waliukaribisha mchezo kama wageni. Walichoongeza ni mwendo: malkia anayekimbia ubao mzima ni mtindo wa Ulaya, wa mwishoni mwa karne ya 15.

La umri ni gumu zaidi, na sitaki kukudanganya. Kama swali ni ubingwa wa dunia, mjomba yuko karibu na ukweli. José Raúl Capablanca wa Cuba, bingwa kuanzia 1921 hadi 1927, alijifunza akiwa na miaka minne kwa kumtazama baba yake akicheza. Gukesh wa India alipata cheo cha grandimasta, kikubwa kuliko vyote vya sataranji, 2019 akiwa na miaka 12, na Desemba 2024, huko Singapore, akamvua Ding Liren ubingwa wa dunia. Alikuwa na miaka 18. Kwa kijana anayeanza leo na miaka 13, mlango huo ni mwembamba sana.

Lakini hebu mtazame huyo Carlsen mwenyewe. Alizaliwa Norway 1990. Baba yake alimwonyesha mchezo akiwa na miaka kama mitano, na mtoto hakushikwa nao. Alirudi kwenye ubao karibu na umri wa miaka minane, na kilichomrudisha ni hamu ya kumshinda dada yake mkubwa. Kuanzia hapo hadi cheo cha grandimasta, 2004, ilipita miaka mitano hivi. Mwaka 2013, huko Chennai, alimshinda bingwa wa dunia, Viswanathan Anand wa India, nyumbani kwake kwa 6.5 dhidi ya 3.5. Mei 2014 alifika pointi 2882 za Elo, kipimo cha nguvu ya mchezaji, ambazo hakuna binadamu mwingine aliyewahi kuzifikia. Alitetea taji mara nne, kisha 2023 akaliachia bila kushindwa na mtu, kwa sababu alikuwa amechoshwa na matayarisho ya miezi mingi kwa pambano moja. Wengi humtaja kwa kipaji. Mimi huanzia kwa yule dada.

Kwa sababu ukizifuata habari za hawa watu mmoja mmoja, utakuta karibu kila mahali kuna mtu wa nyumbani au wa jirani aliyekaa upande wa pili wa ubao. Kipaji peke yake, bila mtu wa kukushinda jioni ya leo na kesho tena, kinabaki kucheza na simu.

Chukua Kenny Solomon wa Afrika Kusini. Huyu ndiye ningemtaja kwa mjomba wakati wa kula bukari. Alikulia Mitchells Plain, nje ya Cape Town, mtaa ambao watu husikia habari zake za magenge kuliko za sataranji. Mwaka 1992 kaka yake alichaguliwa kwenda Olimpiadi ya sataranji, mashindano ya timu za mataifa, huko Manila, na ni hapo Kenny alipoamka na kutaka kujua ni mchezo gani huo unaompandisha mtu ndege. Alikuwa na miaka 13. Umri wa kijana wako, Mama. Desemba 2014 alishinda ubingwa wa Afrika huko Windhoek, na ushindi huo ukampa cheo cha grandimasta moja kwa moja, Mwafrika Kusini wa kwanza kukipata. Hesabu miaka mwenyewe: 22. Hilo usimfiche kijana, maana yeye anadhani ni jambo la miaka miwili.

Na kuna aliyechelewa zaidi ya huyo. Mir Sultan Khan wa Punjab alikua akicheza sataranji ya Kihindi, ambayo sheria zake zilitofautiana na za kimataifa. Hizi za kimataifa alizianza akiwa mtu mzima wa miaka ishirini na kitu. Alikuwa mhudumu katika nyumba ya tajiri mmoja aliyempeleka London, na huko akawa bingwa wa Uingereza 1929, 1932 na 1933. Kwenye mashindano ya Hastings ya 1930 kwenda 1931 alimshinda Capablanca, ambaye wakati huo kumshinda tu mara moja kulikuwa habari ya gazeti. Tajiri aliporudi nyumbani, naye akarudi, akalima shamba lake, na ulimwengu wa sataranji haukumwona tena. Alifariki 1966. Cheo cha heshima cha grandimasta alipewa 2024, karibu miaka sitini baada ya kuzikwa. Habari yake inaniuma kila nikiisimulia, lakini inalijibu swali la mjomba.

Sasa njoo karibu na nyumbani. Ukipanda gari hapa Lubumbashi, ukavuka Kasumbalesa, ukapita Chingola na Kitwe, unafika Ndola. Kama foleni ya malori haikukushika mpakani, ni safari ya siku moja. Ndola ndiko alikozaliwa Amon Simutowe, 1982, katika nchi ya shaba kama yetu, vumbi jekundu lile lile. Mwaka 2000 alikwenda Yerevan, Armenia, kwenye ubingwa wa dunia wa vijana walio chini ya miaka 20, na akamaliza wa pili. Wa pili duniani! Baadaye Marekani wakamsomesha katika University of Texas at Dallas, chuo kinachotoa nafasi kwa wachezaji wa sataranji kama vingine vinavyotoa kwa wacheza mpira wa kikapu, kisha akaenda Oxford. Agosti 2007, huko Arnhem, Uholanzi, alikamilisha sehemu ya mwisho ya masharti ya grandimasta, na cheo kikathibitishwa 2009. Ni wa kwanza kutoka Afrika yote iliyo kusini mwa Sahara.

Ona pengo lililopo hapo: miaka saba kutoka Yerevan hadi Arnhem. Akili alikuwa nayo tangu 2000, ila cheo kina masharti. FIDE, shirikisho la dunia lililoundwa Paris 1924, linataka mchezaji afikishe pointi 2500, na zaidi ya hapo aonyeshe mara tatu, katika mashindano ya michezo tisa hivi, kwamba amecheza kwa kiwango cha 2600 mbele ya wapinzani ambao baadhi yao tayari ni magrandimasta kutoka nchi mbalimbali. Kwa kijana wa Budapest mashindano ya namna hiyo ni tiketi ya basi. Kwa wa Ndola au Lubumbashi ni viza, ndege, hoteli, na barua ya mwaliko inayofika wiki moja baada ya mashindano kwisha. Kwa hiyo mtu akikuambia Waafrika hawana vyeo kwa sababu hawana akili ya mchezo, mwulize kwanza bei ya tiketi. Afueni yetu ni kwamba mashindano ya ubingwa wa Afrika na ya kanda zake hutoa baadhi ya vyeo moja kwa moja kwa wanaofanya vizuri, kama ilivyokuwa kwa Solomon.

India inaonyesha jambo hilo hilo kwa upande wa pili. Mpaka 1988 nchi kubwa vile haikuwa na grandimasta hata mmoja. Anand akawa wa kwanza, akaja kuwa bingwa wa dunia, na leo wamepita themanini. Mwaka 2024 huko Budapest walichukua dhahabu ya Olimpiadi kwa timu ya wazi na ya wanawake pia. Gukesh ametoka Chennai, mji ule ule wa Anand. Akili za watoto wa Chennai hazikubadilika kwa miaka thelathini. Kilichobadilika ni kwamba mtoto akitoka shule anaweza kumkuta mtu wa kumfundisha ambaye naye alifundishwa na mtu.

Wengine wa Afrika nitawapitia kwa mbio. Slim Bouaziz wa Tunisia alikuwa grandimasta wa kwanza wa bara zima, 1993. Ahmed Adly wa Misri alichukua ubingwa wa dunia wa vijana 2007, lile shindano ambalo Simutowe alikuwa wa pili. Robert Gwaze wa Zimbabwe alifanya jambo ambalo nikilisimulia watu hudhani nimeongeza chumvi: Olimpiadi ya 2002, huko Bled, Slovenia, alikaa ubao wa kwanza wa nchi yake, anakowekwa mchezaji hodari wa kila timu, akacheza michezo tisa akashinda yote tisa. Bila sare. Akarudi Harare na medali ya dhahabu.

Na kuna Bassem Amin wa Misri, ambaye namwacha mwisho kwa ajili yako wewe na baba watoto, si kwa ajili ya kijana. Mwaka 2017 alivuka pointi 2700, Mwafrika wa kwanza kufika hapo. Na ni daktari wa tiba. Alimaliza masomo yake Tanta huku akicheza. Bobby Fischer wa Marekani, kwa upande mwingine, aliacha shule akiwa na miaka 16. Mwaka 1972 huko Reykjavik alipoteza mchezo wa kwanza, wa pili akakataa hata kutokea, na bado akamshinda bingwa wa dunia, Boris Spassky, kwa 12.5 dhidi ya 8.5. Kisha 1975 akapoteza taji bila kucheza kwa sababu masharti yake hayakukubaliwa yote, na tangu 1972 hakucheza mashindano kwa miaka ishirini. Alifariki 2008 akiwa na miaka 64, kama idadi ya nyumba za ubao. Vijana wangu wote wanampenda Fischer. Wazazi nawaambia wasome habari za Amin. Fedha kubwa ni za wachache mno: pambano la Gukesh na Ding lilikuwa na dola milioni 2.5, lakini magrandimasta wengi wanakula kwa kufundisha, kama mimi nisiye na cheo.

Kijana amfuate nani basi? Si Carlsen, samahani. Michezo ya Carlsen ni kama mazungumzo ya watu wawili waliooana miaka arobaini. Mengi hayasemwi, na mgeni haelewi kwa nini mmoja amenyamaza. Mpe Capablanca. Kuanzia 1916 hadi 1924 hakupoteza mchezo hata mmoja wa mashindano, na ukizicheza upya kete zake, kila hatua ina sababu ambayo mtoto wa miaka 13 anaweza kuisema kwa sauti. Zaidi ya yote, alikuwa hodari wa mwisho wa mchezo, kete zikiwa zimebaki chache. Watoto wa simu hawapajui hapo, kwa sababu kwenye simu michezo ya dakika tatu huisha kabla ya kufika.

Mfanyie jaribio hili jioni ya leo kwenye ile kartoni. Nyumba zinahesabiwa kwa herufi a mpaka h na namba 1 mpaka 8. Aweke mfalme mweupe e5, askari wake (pioni, kama wanavyomwita) e4, na mfalme mweusi e7. Vizibo vingine vyote ondoa. Mwulize: nani anashinda? Atasema mweupe, ana askari. Jibu ni kwamba inategemea zamu ya nani. Wafalme wametazamana uso kwa uso, na anayelazimika kusogea ndiye anayepisha njia. Zamu ikiwa ya mweusi, ataenda kando, tuseme d7, na mweupe ataingia f6, na hapo askari hatazuilika tena kugeuka malkia. Zamu ikiwa ya mweupe, ni sare, ila mweusi awe macho: mweupe d5, mweusi d7, askari e5, mweusi e7, askari e6, na hapa ndipo penye mtego. Mweusi arudi moja kwa moja nyuma, e8. Akirudi d8, mweupe anakuja d6 na mambo yamekwisha.

Kijana mmoja wa kikundi chetu alikuwa na sare hiyo mkononi katika raundi ya mwisho, saa ikiwa imebaki sekunde chache. Akarudi d8. Aliuona mkono wake ukiwa bado juu ya kete, akauondoa taratibu kama mtu aliyegusa jiko, kisha akatoka nje kwenda kunawa uso. Hajakosea tena nafasi ile, na sidhani kama atakosea akiwa mzee. Kosa la namna hiyo halifundishwi na simu, kwa sababu kwenye simu unabonyeza mchezo mpya kabla halijauma.

Kuhusu mega: Lichess, tovuti ya kuchezea sataranji, ni ya bure kabisa, haina tangazo hata moja. Lakini muda wa simu upunguze nusu, na nusu nyingine iende kwenye kartoni, pamoja na daftari. Kila mchezo auandike, hatua kwa hatua, hata ule alioshindwa. Hasa ule.

Sasa, Mama, kuna sentensi moja katika barua yako uliyoipitisha haraka kama mtu anayepita mbele ya wageni. Umesema mdogo wake wa miaka 9 humshinda mara kwa mara. Halafu ukaendelea na habari za kijana.

Budapest kulikuwa na wasichana watatu wa familia moja, Susan, Sofia na Judit Polgar, ambao baba yao aliwafundisha nyumbani akitaka kuthibitisha kwamba mtoto hufanywa, hazaliwi amekamilika. Judit alikuwa wa mwisho, aliyekua akiwatazama dada zake. Mwaka 1991 akawa grandimasta akiwa na miaka 15 na miezi minne, akaivunja rekodi ya Fischer iliyokuwa imekaa tangu 1958. Miaka mitatu baadaye, huko Linares, Hispania, alikaa mbele ya Garry Kasparov, bingwa wa dunia. Kasparov akaweka farasi wake kwenye nyumba, akaiachia kete kwa kitambo kidogo sana, akaona amekosea, akaishika tena na kuipeleka kwingine. Sheria hairuhusu: ukiachia, imekwisha. Judit, msichana wa miaka 17, alimtazama, akaogopa kulalamika, akapoteza mchezo. Kamera ya televisheni ilikuwa imeona vidole vikiachia. Alingoja miaka minane. Mwaka 2002, huko Moscow, katika mchezo wa haraka, alimshinda Kasparov huyo huyo, aliyewahi kusema hadharani kwamba wanawake hawafiki kiwango hicho. Alipanda hadi nafasi ya nane duniani, wanaume na wanawake wakihesabiwa pamoja.

Na jirani yetu Kampala, mtaa wa Katwe, Phiona Mutesi alimfuata kaka yake siku moja kuona anakwenda wapi, akakuta watoto wanacheza sataranji na wanapewa uji. Aliyemfundisha kete zinavyokwenda alikuwa mtoto mdogo kuliko yeye. Mwaka 2012 alipata cheo chake cha FIDE kwenye Olimpiadi ya Istanbul.

Kwa hiyo kijana wako ana mpinzani anayemshinda, na binti yako ana kaka wa kumkimbiza. Wengi ninaowafundisha hawana hilo, wananijia wakiwa wamezoea kuwashinda watu wasiojua mchezo. Binti ana miaka minne ya ziada mkononi kuliko kaka yake, na katika mashindano ya wasichana huku kwetu washiriki ni wachache, njia ya kufika timu ya taifa ni fupi. Usimpe kazi ya kuwa ukuta wa kupigia mpira. Naye awe na daftari lake.

Tunakutana Jumamosi saa tatu za asubuhi, Kamalondo, barazani kwangu. Hakuna malipo siku ya kwanza. Mje na wote wawili, na mjomba akitaka kuja kucheka, kiti kipo. Vile vizibo mvilete pia. Mimi nina kete za mbao, lakini nataka kuwaona wakicheza kwa walizozizoea, na nijue ni nani kati yao aliyeziandika herufi.